Carlos ya Olivier Assayas: pesa ya TV, masaa matano na nusu, na ugomvi wa muvi au sizoni

Januari 2011 huko Marekani kazi moja ya Kifaransa ilibeba Golden Globe ya siriz fupi ya TV, na wiki chache tu nyuma yake wahakiki wa sinema wa New York na wenzao wa Los Angeles walishaipa tuzo ya filamu bora ya nje. Kazi ni hiyo hiyo moja. Inaitwa Carlos, ni stori ya gaidi wa kweli wa miaka ya 1970 aliyejulikana kwa jina hilo, dairekta ni Mfaransa Olivier Assayas, inaenda masaa matano na nusu, na mpaka leo ukiwauliza wapenzi wa sinema kama ni muvi au ni sizoni umeanzisha ubishi wa usiku kucha. Oscar ilikuwa haiingii kabisa maana ilishaonyeshwa kwenye TV, na tamasha la filamu la Cannes huko Ufaransa waliichukua ila wakaikalisha pembeni, nje ya mashindano.

Nimeamua kukichambua hiki kisa kimoja badala ya kupanga orodha ya muvi zake zote, kwa sababu nadhani humu ndo unamwona jamaa vizuri zaidi. Watu wakimtaja Assayas wanasema ana uwezo wa kugusa kila kitu, thrila katoa, drama ya familia katoa, mizimu katoa, dokyumentari katoa, siriz katoa, na ni kweli, lakini kugusa kila kitu peke yake sio sifa, wapo wengi wanaogusa kila kitu na hakuna hata kimoja unachokikumbuka. Cha kwake ni kingine. Anaangalia nani anatoa pesa, anajiuliza huyu ana nini ambacho yule mwingine hana, anachukua hicho tu na yale masharti mengine anajifanya hajayasikia. Kwenye Carlos alimfanyia hivo TV, na TV ikatabasamu.

Turudi nyuma kidogo. Kazaliwa Paris mwaka 1955, na TV kwake haikuwa kitu cha kugundua ukubwani, ilikuwa kazi ya mezani nyumbani. Baba yake alikuwa mwandishi wa skripti aliyejulikana kwa jina la kazi la Jacques Rémy, aliandikia sinema na baadaye akaandikia sana TV, zikiwemo zile hadithi za mpelelezi Maigret, na mzee alipoanza kuumwa kijana ndo akawa anamsaidia kuandika. Kwa hiyo kabla hajashika kamera Assayas alishajua skripti ya TV inajengwaje, inatakiwa lini, na inakatwa wapi. Mdogo wake Michka naye kawa mwandishi wa muziki wa rock, jambo ambalo litaeleza mengi ukisikiliza nyimbo zinazowekwa humu ndani. Halafu miaka ya 1980 mwanzoni Olivier akawa mhakiki kwenye jarida la Cahiers du cinéma, pale walipopitia madairekta kina Godard na Truffaut zamani, akaandika skripti na André Téchiné, na 1986 akatoa muvi yake ya kwanza, Désordre.

Sasa kuna tukio la 1994 ambalo watu wengi wanaoizungumzia Carlos wanalirukaga, na mi naona ndo mazoezi yenyewe. Chaneli ya Arte ilikuwa na mradi unaitwa Tous les garçons et les filles de leur âge, madairekta tisa wakapewa kila mmoja kipindi cha saa moja hivi kuhusu ujana, kila mtu achukue zama alizokulia yeye mwenyewe, bajeti ndogo, filamu ya milimita 16, na ilikuwa lazima kuwe na pati humo ndani yenye muziki wa zama hizo. Walikuwemo kina Téchiné, Claire Denis, Chantal Akerman, Cédric Kahn. Masharti ya TV kabisa hayo. Assayas akachukua hilo sharti la pati, ambalo kwa mtu mwingine ni sini ya dakika tano ya vijana wanaruka ruka, akaligeuza kuwa moyo wa muvi nzima: nyumba iliyotelekezwa, usiku, moto mkubwa nje, vijana wanachoma viti, na nyimbo zinaachwa ziende mpaka mwisho bila mtu kuzikata. Kikatoka kipindi cha TV na pia muvi ndefu zaidi ya ukumbini, L'Eau froide, ikaenda Cannes mwaka huo huo kwenye kitengo cha Un Certain Regard. Téchiné naye alifanya hivo hivo kwa kipande chake na hicho cha kwake kikaja kubeba César, tuzo kubwa ya sinema ya Ufaransa, ya filamu bora. Pesa moja, vitu viwili. Assayas hakusahau.

Katikati hapo kafanya mengi na sitayamaliza. Irma Vep ya 1996 na Maggie Cheung, ambaye walikuja kuoana na kuachana, na baada ya kuachana bado wakafanya Clean ya 2004 iliyompa mama huyo tuzo ya mwigizaji bora wa kike Cannes (hapo kuna stori ya peke yake). Les Destinées sentimentales ya 2000, ya mavazi ya kale na kiwanda cha vyombo vya kauri, ndefu na tulivu. Miaka miwili mbele demonlover, ya makampuni na picha chafu za mtandaoni, baridi kama friji, ilizomewa Cannes. Halafu 2008 L'Heure d'été, ndugu watatu wanagawana mali za marehemu mama yao, muvi ya kimya ambayo kila mtu mwenye nyumba ya urithi kijijini ataielewa bila maelezo. Na baada ya hiyo ya urithi, kitu kinachofuata ni gaidi. Ndo jamaa alivyo.

Carlos haikuanza kwake. Prodyuza Daniel Leconte, mtu aliyetokea kwenye uandishi wa habari na dokyumentari, ndiye alikuwa na wazo, na wazo lenyewe lilikuwa dogo kuliko kilichotoka. Kulikuwa na utafiti mzito uliofanywa na Stephen Smith, mwandishi wa habari ambaye wanaofuatilia magazeti ya Ufaransa wanamjua zaidi kwa kuandika kuhusu Afrika. Assayas alipousoma ule utafiti, majina, tarehe, nani alimlipa nani, nani alilala hoteli gani, akaona hii haitoshi kwenye muvi moja ya kawaida. Akakaa na mwandishi Dan Franck, kikawa kipande kikubwa, kikaongezeka, mwisho zikawa sehemu tatu. Canal+, chaneli ya kulipia ya Ufaransa, wakakubali kulipa, na hapa ndipo pa kushika vizuri: pesa ilitoka upande wa tamthilia za TV, haikutoka kwenye fungu la sinema.

Hilo fungu lina maana gani? Ufaransa wana sheria ya mpangilio wa maonyesho, yaani muvi ikihesabiwa ni ya sinema lazima ianze ukumbini, halafu inasubiri miezi kadhaa ndo TV ya kulipia waionyeshe, halafu nyingine huko nyuma zinasubiri zaidi. Mfumo mzima wa pesa ya sinema ya Ufaransa umekaa juu ya hiyo foleni. Kazi ikianza TV basi sio ya sinema, hata uipige kwa kamera gani. Na faida yake nini kuwa upande wa TV? Kwanza urefu. Hakuna mwenye ukumbi atakayekupa masaa matano na nusu, maana muda huo anauza tiketi za muvi mbili na nusu. Pili nyota. Sinema ya bajeti ile ingedai jina kubwa kwenye bango, na Assayas alikuwa anamtaka mtu ambaye mtazamaji hana picha yake kichwani. Tatu lugha, kwa sababu kila mtu humu anaongea lugha yake, Kiarabu, Kijerumani, Kihispania, Kifaransa, Kijapani, Kihungari, na Kiingereza cha kuungaunga pale watu wa mataifa tofauti wanapokutana, na Kiingereza hicho kibovu kibovu ndo kimeshika sehemu kubwa. Canal+ walikubali yote matatu. Halafu yeye akaenda kupiga kama anapiga sinema, filamu ya milimita 35, picha pana ya ukumbini, wapiga picha wawili Yorick Le Saux na Denis Lenoir ambao wote walishafanya naye muvi, na wahariri wake wale wale kina Luc Barnier. Yaani TV ilileta muda na hela, sinema ikaleta macho.

Muda ule ule wengine walikuwa wanapambana na tatizo hilo hilo kwa njia nyingine. Dairekta Soderbergh alishaigawa Che, stori ya mwanamapinduzi Che Guevara, mara mbili mwaka 2008. Jean-François Richet naye mwaka huo akaigawa stori ya jambazi Mesrine mara mbili na Vincent Cassel juu ya bango. Wajerumani wakaibana stori ya magaidi wao Baader na Meinhof ndani ya masaa mawili na nusu, na ukiitazama unaona wanavyokimbia, tukio, tukio, tukio, mtu anauawa kabla hujajua jina lake. Assayas ndiye pekee aliyesema basi niende kwa wenye muda.

Huyo Carlos ni nani kwa ambao hawakuwepo. Ilich Ramírez Sánchez, kazaliwa Caracas 1949, baba mwanasheria tajiri mkomunisti kiasi kwamba watoto wake watatu aliwaita Ilich, Lenin na Vladimir. Akajiunga na wapiganaji wa Kipalestina, akawa chini ya Wadie Haddad, mtu aliyekuwa anaendesha operesheni za nje. Desemba 1973 akampiga risasi London bosi wa maduka ya Marks & Spencer, Edward Sieff, akapona. Juni 27, 1975, mtaa wa Toullier pale Paris, akawaua maafisa wawili wa usalama wa Ufaransa na mwenzake Michel Moukharbal aliyewaleta. Desemba 21, 1975 yeye na wenzake watano wakaingia makao ya OPEC, umoja wa nchi zinazouza mafuta, mjini Vienna, watu watatu wakafa, mawaziri wa mafuta wakawa mateka, ndege ya DC-9 ikatolewa, Algiers, Tripoli, Algiers tena. Baada ya hapo karibu miaka ishirini ya kuzunguka kwa wenyeji waliomchoka mmoja mmoja, mpaka Agosti 1994 Khartoum ilipomkabidhi kwa Wafaransa. Yuko jela mpaka leo.

Aliyemwigiza ni Édgar Ramírez, Mvenezuela kama yeye, jina la ukoo moja japo sio ndugu, mtoto wa mwanajeshi aliyezungushwa nchi mbalimbali kwa hiyo lugha anazo kweli, habandikiwi sauti. Ukitaka kujua hii kazi inafanya nini, tazama mwili wake tu. Sehemu ya kwanza yupo mbele ya kioo, uchi, anajikagua kama anakagua gari jipya. Sehemu ya pili kavaa bereti na koti la ngozi, kaiga Che waziwazi na anajua kamera za dunia ziko nje zinamsubiri. Sehemu ya tatu kanenepa, kitambi, anakunywa, anafokea watu kwenye nyumba za wenyeji Budapest na Damascus, na mwishoni kabisa anakamatwa akiwa anauguza korodani Khartoum. Hiyo ya korodani ni kweli kabisa ilitokea, dairekta hakuibuni. Mtu aliyejiona dume la dunia amalizikie pale, hata mwandishi wa vichekesho angeogopa kuandika hivo.

Sini ya mtaa wa Toullier ndo naitumiaga kumshawishi mtu aliyekataa kuangalia kitu kirefu. Chumba kidogo, wanafunzi wa Amerika Kusini, gitaa, pombe, watu wanaimba. Polisi wanaingia taratibu tu, hawana hata wasiwasi wa maana, wanakaa, wanauliza maswali, wanapewa kinywaji. Assayas hakimbii. Anakuacha ukae na wale watu mpaka unaanza kuzoea, unajua nani kakaa wapi, mlango uko wapi, bastola iko wapi. Halafu inaisha ndani ya sekunde chache na hakuna muziki wa kukuambia uhisi nini. Muvi ya masaa mawili isingeweza kulipia zile dakika za mwanzo, ingezikata, na zikikatwa basi zile sekunde za mwisho hazina uzito wowote, ni risasi tu kama risasi nyingine.

OPEC nayo imeshika sehemu kubwa ya kipande cha pili. Wanapanda tramu na mabegi, wanaingia, na kuanzia hapo kila kitu kinaenda mrama kidogo kidogo. Amri ya Haddad ilikuwa mawaziri wawili wauawe, Yamani wa Saudia na Amouzegar wa Iran. Ndege haina uwezo wa kufika mbali wanakotaka. Libya hawatoi ndege kubwa zaidi. Mle ndani watu wanatapika, wanalala, wanabishana, wananuka. Na Carlos, mwanamapinduzi wa kufa na kupona, anaanza kupiga hesabu, akifa leo anabaki shujaa, akichukua pesa anabaki hai, na anachukua pesa. Unaiona ikitokea usoni kwa yule mwigizaji polepole mpaka inakera. Haddad akamfukuza kazi kwa hilo. Kwangu hapo ndo katikati ya muvi nzima, yanayofuata yote ni mtu anayeishi na ile hesabu.

Kwa msomaji wa huku kwetu kuna uzi mwingine unapita humo humo. Wajerumani wawili waliokaa karibu na Carlos, Hans-Joachim Klein ambaye humu anaitwa Angie na Wilfried Böse anayeitwa Boni, ukimfuata Boni unafika Entebbe. Böse ndiye aliyekuwa mmoja wa wale Wajerumani walioteka ndege ya Air France Juni 1976 na kuipeleka Uganda ya Amin, na akafia pale pale uwanjani makomando wa Israeli walipotua Julai 4. Operesheni ilikuwa ya Haddad. Miezi michache kabla, Januari 1976, kundi lingine la huyo huyo Haddad lilikamatwa Nairobi likiwa na makombora ya kutungulia ndege ya El Al, shirika la Israeli, Wapalestina watatu, wakafuatia Wajerumani wawili, na wote wakapelekwa Israeli kimya kimya. Klein yeye alijeruhiwa vibaya Vienna, akaanza kuona wenzake wanachagua Wayahudi wa kuua bila kujali lolote, akajitoa, 1977 akatuma bastola yake kwa jarida la Ujerumani la Der Spiegel. Assayas anampa Klein nafasi kubwa, na sio bahati mbaya, ni mtu mmoja humu ndani anayebadilika kwa sababu ya dhamiri na sio kwa sababu ya njaa. Kwenye toleo fupi huyo Klein amebaki kivuli.

Ndiyo, kuna toleo fupi. Julai 2010 Carlos ya masaa mawili na dakika 45 hivi iliingia kumbi za Ufaransa, na hapo ujanja wa 1994 unarudi, pesa moja vitu viwili. Dairekta wa Uswidi Bergman alishafanya hivo na siriz yake ya wanandoa mwaka 1973, sio uvumbuzi. Ila mi toleo fupi siliungi mkono. Matukio yote makubwa yapo, milipuko ipo, OPEC ipo, lakini kilichokatwa ndo nyama yenyewe: kusubiri, kuhama nyumba, kubishana juu ya hela, wake kuchoka, wenyeji kubadilisha sura. Ukiondoa hayo unabaki na Carlos kama alivyotaka yeye aonekane, mtu wa matukio. Refu linamwaibisha, fupi linampamba. Kwa nini walilitoa? Ndo lililompa kazi uhai ukumbini, na lilifungua mlango wa César, ambako Ramírez alipata ya chipukizi bora wa kiume mwaka 2011. Siwalaumu, ila usianze nalo.

Cannes sasa. Tamasha lilitaka hii kitu, hilo halina ubishi, ila watu wa sinema wa Ufaransa wakaja juu, kwamba kazi iliyolipiwa na TV na inayoonyeshwa TV haiwezi kusimama mstari mmoja na muvi zinazogombea Palme d'Or, tuzo kuu ya Cannes. Wakakubaliana iwe nje ya mashindano. Mei 19, 2010 ikaonyeshwa yote kwa kikao kimoja na mapumziko katikati, na usiku huo huo Canal+ wakarusha sehemu ya kwanza majumbani. Ukiitazama leo, ule ugomvi wa Netflix na muvi yao Okja mwaka 2017, wenye kumbi walipolalamika mpaka Cannes ikaweka sharti kwamba cha mashindano lazima kionyeshwe kwenye kumbi za Ufaransa, ni hili hili limerudi na hela nyingi zaidi. Upande wa wenye kumbi mi nauelewa, ile foleni ikivunjika pesa ya muvi ndogo ndogo inakauka, na Assayas mwenyewe kalelewa na pesa hiyo. Lakini kukataa kuiita sinema kitu ambacho kila fremu yake ni sinema, kwa sababu tu ya risiti imetoka dirisha gani, hapo ndo naona walichemka.

Marekani hawakuwa na hilo tatizo, au walikuwa nalo kwa namna ya kuchekesha. Wasambazaji IFC waliipeleka ukumbini, Sundance Channel wakairusha Oktoba 2010, na kila kundi la tuzo likaichukua lilivyotaka. Los Angeles wakamgawia Assayas tuzo ya udairekta sawa na David Fincher wa The Social Network. Emmy 2011 wakamteua udairekta wa TV. Mtu mmoja, kazi moja, anashindana na Fincher huku na Downton Abbey kule.

Aliyelalamika kwa nguvu zote alikuwa Carlos mwenyewe. Kutoka gerezani, kupitia wakili wake Isabelle Coutant-Peyre ambaye pia walifunga ndoa ya Kiislamu, alienda mahakamani kudai aonyeshwe kazi kabla haijatoka, hoja ikiwa kuna kesi bado hazijasikilizwa na atahukumiwa na TV kabla ya jaji. Mahakama ikakataa. Lakini ukiangalia kwa haki, hoja haikuwa ya kipuuzi. Wakati ule alikuwa amehukumiwa kwa mauaji ya mtaa wa Toullier tu, kifungo cha maisha cha 1997, na waandaaji wenyewe waliweka maandishi mwanzoni yanayosema hivo na kwamba mahusiano ya wahusika yamebuniwa. Hata hivyo lile guruneti la Drugstore Saint-Germain, duka la Paris, Septemba 1974, watu wawili wakafa, humu unamwona Carlos akilirusha kwa mkono wake. Hukumu ya mabomu ya 1982 na 1983 ilikuja mwaka 2011, ya Drugstore ikaja 2017. Kwa hiyo tamthilia ilitangulia mahakama kwa miaka saba kwenye hilo moja. Baadaye mahakama ikafika pale pale, sawa, ila siku ile 2010 hakuna aliyekuwa na uhakika huo, na mi maandishi ya mwanzoni sioni kama yanatosha wakati picha inaonyesha uso.

Muziki nao ulileta neno. Assayas kaweka bendi za New Order, Wire, The Feelies, nyimbo ambazo nyingine zilitoka miaka mingi baada ya matukio, na wengine wanasema anamfanya gaidi aonekane staa wa rock. The Feelies wenyewe hawakufurahia nyimbo zao kukaa juu ya utekaji wa OPEC, ikabidi apange upya. Kwangu gitaa zile zinafanya kazi sehemu ya kwanza kwa sababu Carlos kweli alijiona staa, na ukisikiliza vizuri sehemu ya tatu zinapungua.

Kama bado huamini kwamba urefu ndo ulibeba kila kitu, kipimo kipo. 2019 Assayas alirudi na Ramírez yule yule, akafanya Wasp Network, majasusi wa Kuba ndani ya Miami miaka ya 1990, watu halisi, nchi nyingi, lugha mbili, vituo vingi. Ni dunia ya Carlos kabisa ila safari hii ni sinema ya masaa mawili na kidogo, na kina Penélope Cruz na Gael García Bernal juu ya bango. Ilienda Venice, haikupokelewa vizuri, akarudi kwenye uhariri, Netflix wakaichukua. Sio mbaya. Ila kuna mahali inasimama ghafla sauti inaanza kueleza nani ni nani na nani alikuwa anadanganya, na unaona kabisa huyu mtu angepewa masaa matano asingehitaji kueleza chochote.

Katikati ya hizo mbili alishinda udairekta bora Cannes kwa Personal Shopper mwaka 2016, akigawana na Cristian Mungiu, muvi ndogo ya mzimu na simu ya mkononi. 2022 akarudi TV, HBO safari hii, akaifumua Irma Vep yake mwenyewe iwe siriz ya vipande nane na Alicia Vikander, vyote kavidairekti mwenyewe. Humo kuna dairekta, kaigizwa na Vincent Macaigne, anayefanya upya Les Vampires ya Louis Feuillade, na anawaka mtu akimwambia anatengeneza sizoni, yeye anadai ni muvi ndefu iliyogawanywa vipande. Anayo hoja, maana ya Feuillade yenyewe ya 1915 na 1916 ilikuwa vipande kumi na vilionyeshwa ukumbini, TV haikuwepo hata ya kuota. HBO walilipia hayo masengenyo yote juu yao wenyewe. Carlos kamili itafute ile ya sehemu tatu, na kama huna siku nzima basi igawe siku tatu, kipande cha pili usikikate katikati.